Neno la Sahra

Jumanne, 6 Mei

Insha za Kidato cha Tatu, daftari thelathini na nane. Nimesahihisha kumi na moja. Feni ya chumba cha walimu imekufa tangu tufungue shule. Jasho linadondokea karatasi, wino mwekundu unasambaa.

Saa nne alikuja Dubow. Nilimfundisha miaka kumi iliyopita. Mvivu wa insha, hodari wa kufungua redio za walimu na kuzirudisha zikiwa nzima. Siku hizi ana kipindi redioni kila Jumamosi alasiri, na muziki anaoupiga humo anautengeneza mwenyewe. Ana kompyuta, na ana kinanda cha umeme alichoachiwa na mjomba wake aliyekuwa akipiga harusini.

Alinisikilizisha kwenye simu. Ngoma za mashine. Besi inayokwenda mbio. Juu yake sauti za kinanda zinazong'aa kama bati jipya. Anasema watu wa zamani, kabla yeye hajazaliwa, waliwaza kwamba miaka hii tutakuwa na magari yanayoruka, wakabuni sauti za kufanana na mawazo yao. Yeye na wenzake wa ng'ambo wanazirudia sauti hizo leo. Muziki wa kale unaohusu kesho ambayo haikufika. Kwa Kizungu unaitwa sinthwevu. Wasikilizaji wake hawawezi kulitamka jina hilo. Yeye mwenyewe anasema sintwefu.

Anataka neno letu. Akaja kwangu.

Nikamwambia nitafikiria, kwa sauti ya mtu mwenye shughuli nyingi. Alipotoka nilishindwa kushika kalamu. Miaka kumi na tano nabuni maneno, nayaandika vizuri, nayatuma kwa watunga kamusi. Sijajibiwa hata mara moja. Leo ndiyo mara ya kwanza mtu kuniomba.

Jumatatu, 12 Mei

Nimelipata.

Siku sita. Nilianza na kinanda, nikaacha. Nikaenda kwenye umeme, nikaacha. Jana nikichambua mchele likaja lenyewe. Sauti zile zinaundwa, hazipigwi kwenye uzi wala ngozi. Kuunda huko ni usanisi. Na sauti ni wimbi. Wimbisanisi.

Nimelisema jikoni mara nyingi. Lina uzito. Lina ngeli yake, li-ya, wimbisanisi, mawimbisanisi. Halina kasoro.

Wakati wa chai nilimwambia Sahra. Sahra Abdullahi, mwalimu wa Baiolojia. Mzaliwa wa hapa hapa Garissa, rafiki yangu miaka tisa. Meza zetu zinagusana. Kila siku analeta chupa ya chai ya maziwa ya ngamia, ananimiminia mimi kwanza. Kiswahili chake ni kile cha hapa, ngeli zote zimechanganyika kama mboga za supu. Namsahihisha tukiwa wawili, anacheka, kesho anarudia vile vile.

Alifurahi. Akasema, "Usanisi ni yangu hiyo, abaayo. Ya majani na jua." Abaayo ni dada kwa Kisomali. Ananiita hivyo tangu mwaka wangu wa tatu hapa.

Mutiso wa Hisabati akauliza kama ni uji. Kwao Kitui wimbi ni nafaka. Nikamweleza mimi ni mtu wa Lamu, na Lamu wimbi ni la bahari. Akasema sawa, lakini yeye amesikia uji.

Alhamisi, 15 Mei

Sitaki kuandika ya leo. Naandika.

Dubow alikuja kuchukua neno. Nilikuwa nimeliandika kwenye karatasi safi, na maelezo chini yake. Akalisoma polepole mara tatu, midomo ikihangaika. Akasema ni zuri sana, Mwalimu. Namjua. Ndivyo alivyokuwa akisema nikimrudishia insha yenye alama nne.

Sahra alikuwa anakula sambusa. Hata hakugeuka vizuri. Akasema, "Si useme Beriberri tu."

Dubow akamuuliza nini.

"Beri, kwa Kisomali chetu, si ndiyo zamani? Beri hore, ile bibi anaanza nayo hadithi. Ukikaza r, berri, ni kesho. Hiyo muziki yako ni ya zamani inaota kesho. Beriberri."

Dubow akacheka, kicheko cha mtu aliyepewa kitu mkononi. Akalisema. Akalisema tena akigonga meza yangu kwa vidole, na neno likaingia ndani ya mapigo bila kusukumwa.

Mutiso akasema hilo ni jina la ugonjwa. Sahra akacheka kuliko wote. Anajua, anaufundisha. Akasema huo una r moja, wenye maradhi watasamehe.

Karatasi yangu Dubow aliikunja akaitia mfukoni. Neno la Sahra hakuliandika popote. Halikuhitaji kuandikwa.

Sekunde tatu, akiwa na sambusa mdomoni.

Jumamosi, 17 Mei

Nilisikiliza kipindi. Nilisema sitasikiliza.

"Hii ndiyo Beriberri, na mnaisikia hapa kwanza." Alilisema mara kumi na moja. Alimshukuru Mwalimu Sahra kwa neno. Akanishukuru mimi kwa ushauri.

Ushauri.

Jumatano, 28 Mei

Liko kila mahali. Kuna tuktuk imeandikwa nyuma, rangi ya waridi na samawati, herufi zimeinama kama zinakimbia. Vijana wa sokoni wanaliita wakifungulia muziki. Madawati ya Kidato cha Pili yamechorwa. Leo ndani ya insha kuhusu harusi nimekuta: "Beriberri ilivuma hadi nyumba za jirani zikatikisika." Sentensi nzuri. Nikapiga mstari mwekundu na kuandika pembeni: hakuna neno kama hili.

Gwarideni Mwalimu Mkuu alimsifu Sahra. Shule yetu imezaa neno, akasema. Nilikuwa nyuma yake nikipiga makofi. Sahra aligeuka, akanishika mkono, akauinua pamoja na wake, kana kwamba tumeshinda wote. Mkono wangu ulikuwa mzito kama wa mtu mwingine.

Naona wivu. Nimeliandika sasa. Namwonea Sahra wivu, na sioni dalili ya kuisha.

Ijumaa, 6 Juni

Idi. Likizo. Sahra aliniletea kopo la nyirinyiri, nyama ya ngamia iliyokatwa ndogo ndogo na kukaangwa ndani ya samli. Huniletea kila Idi, kwa sababu mimi ni mgeni na sina watu hapa. Alikaa kidogo, akauliza habari za mama Lamu, akaniombea dua, akaondoka.

Nimekula nusu ya kopo kwa kikao kimoja. Tamu sana. Nilikuwa namchukia huku natafuna.

Jumamosi, 14 Juni

Walimwita Sahra redioni. Saa nzima. Nilikaa na kalamu.

Muziki hii. Neno mzuri. Fijana wengi. Kitu yenye inatoka moyo. Nimehesabu makosa kumi na tisa kabla ya habari.

Watu walipiga simu. Mama mwenye hoteli ya chai Modogashe alisema madereva wa malori wanaiomba Beriberri kuliko chakula. Mzee wa Sangailu alisema hapendi hizo ngoma za mashine, lakini neno lenyewe amelipenda, limemkumbusha mama yake akianza hadithi. Sahra akamuuliza hadithi ipi. Mzee akaisimulia, hewani, na hakuna aliyemkatiza.

Hakuna hata mmoja aliyepiga kumsahihisha kwamba ni muziki huu, si muziki hii.

Jumatatu, 16 Juni

Kuna jipya. Meneja wa redio amempa Sahra kipindi. Afya ya akina mama, kila Jumanne, kwa Kiswahili, kwa kuwa mji huu una Wapokomo, Wakamba, Wameru, wake wa askari na wa walimu waliotoka kila pembe, na kipindi cha Kisomali tayari kipo. Ataanza Julai. Meneja amesema watu wanamwamini wakimsikia.

Kwa Kiswahili. Mimi nipo, shahada mbili, na hakuna aliyeuliza jina langu.

Sahra alinishika bega. "Utanisaidia na maneno, abaayo?"

Nikasema bila shaka. Mdomo tu.

Anakitaka kipindi hiki kwa sababu ya dada yake, Hawa. Alikufa na mimba ya miezi minane. Alikuwa akilalamika kichwa kumuuma na miguu kuvimba, na wote nyumbani walimwambia apumzike. Sahra alinihadithia mwaka tuliojuana. Nalijua hilo. Naliandika hapa ili nisijidanganye kwamba nilikuwa sijui.

Ijumaa, 4 Julai

Siku ya Kiswahili shuleni. Ukumbi umejaa, wengine madirishani. Mimi ndiye mwongozaji, kipaza sauti mkononi. Wanafunzi walikuwa wamemwomba Sahra aeleze jinsi neno linavyozaliwa.

Alikuwa ameandika hotuba. Kurasa mbili. Hakuniletea nisome. Nadhani alitaka kunishangaza. Karatasi ilikuwa imefutwafutwa. Alisoma polepole, kila silabi kwa uangalifu, na bado: neno yangu, picha akiitamka bicha, wakati ingine. Hotuba ilikuwa nzuri. Nimeikumbuka yote.

Alipomaliza walianza kupiga makofi. Nikainua mkono. Nikasema kabla ya makofi, leo ni siku ya lugha, tumsaidie mwalimu wetu. Nikataja kosa la kwanza, nikawauliza watoto: tunasemaje? Wakajibu kwa pamoja kama darasani. Neno langu. La pili. La tatu. Kufika la tano walikuwa wanacheka. Sikukoma. La tisa lilikuwa bicha. Nililitamka kama yeye. Ukumbi ukavunjika kwa kicheko. Nikamalizia kwa kusema Beriberri, kwa taarifa yao, ni maradhi.

Sahra alisimama pale hadi mwisho. Alikuwa anatabasamu. Akaikunja hotuba mara mbili, kisha mara nne, akarudi kukaa.

Nilijisikia vizuri. Naandika ukweli. Kama dakika tano.

Jumatatu, 7 Julai

Chupa ya chai haipo. Amehamia meza ya dirishani, kwa walimu wa sayansi. Anazungumza Kisomali na wa kwao na Kiingereza na waliobaki. Kiswahili hakuna. Aliponipita alisema, "Good morning, Madam." Miaka tisa hajawahi kuniita Madam.

Nje watoto wawili wakapita wakiitana bicha, bicha. Alisikia. Alikuwa anapanga madaftari, akaendelea kupanga.

Mutiso hajaniambia kitu. Hanitazami pia.

Jumatano, 9 Julai

Dubow alikuja. Hakukaa. Sahra amekataa kipindi. Amemwambia meneja, "Mimi sina Kiswahili." Wametafuta mtu, hawajapata. Dubow akaniuliza kama mimi naweza.

Alipouliza, alikuwa anaangalia sakafu. Alishasikia ya ukumbini. Mji ni mdogo.

Nikakubali. Upesi. Sikumwacha amalize sentensi.

Jumanne, 15 Julai



Kipindi kilianza saa nane mchana. Mada ilikuwa upungufu wa damu kwa wajawazito. Nilikuwa na kijitabu cha kliniki. Nilisoma vizuri mno, kila ngeli mahali pake, sauti imetulia. Nilimwona meneja akiitikia kwa kichwa, ameridhika.

Kisha simu. Mama mmoja, mke wa askari, hana mwaka hapa. Miezi minane. Miguu na uso vimevimba. Kichwa kinamuuma tangu jana na anaona nyota nyota mbele ya macho. Akauliza afanye nini, Mwalimu.

Kijitabu hakikuwa na jambo hilo. Nikamwambia apumzike, anywe maji, ainue miguu.

Nilisikia maneno yakitoka. Nilijua nimeyasikia mahali. Sikukumbuka wapi hadi nilipomwona Dubow kwenye mitambo, upande wa pili wa kioo. Aliniwekea muziki juu ya sauti, katikati ya neno, akaikamata ile laini ya mama, na kwa simu yake mwenyewe akampigia Sahra. Nilimwona akimsikiliza. Akamwambia mama aende hospitali sasa hivi, asingoje mume, apande chochote. Akamtumia tuktuk mlangoni kwake.

Beriberri ilipigwa dakika ishirini. Hakuna aliyenirudisha hewani.

Saa kumi na mbili jioni Dubow alinipigia. Presha ilikuwa juu sana. Mtoto ametolewa kwa upasuaji, mdogo lakini analia. Mama yu hai. Daktari alisema mama angelala na kungoja asubuhi, habari ingekuwa nyingine.

Hawa, dada yake Sahra. Apumzike. Ndilo neno walilomwambia.

Alhamisi, 17 Julai

Nilikwenda kwa Sahra baada ya sala ya alasiri. Anakaa na mama yake Bula Iftin, nyumba yenye mlango wa kijani. Mama alinipokea kwa salamu ndefu. Hajui. Akamwita Sahra, akatuacha uani.

Nilikuwa nimepanga maneno. Yote yakapotea. Nikasema nilikuonea wivu. Lile neno. Ulilitoa kirahisi na langu lilinichukua siku sita.

Alinitazama kama mtu asiyeelewa lugha. "Hiyo tu?"

"Hiyo tu."

"Kama ulitaka hiyo neno si ungesema? Ningekupa. Ningeambia Dubow ni yako."

Najua angefanya hivyo. Hilo ndilo nililoshindwa kulibeba pale nilipokaa.

Akasema tena, taratibu, akiangalia mbuzi waliofungwa ukutani. "Darasa la pili mwalimu alinichapa juu ya bicha. Mbele ya watoto. Nikaambia mama sirudi shule. Lakini yule alikuwa mgeni, hakunijua. Wewe umekunywa chai yangu miaka tisa."



Nilimwomba achukue kipindi. Akasema jana alikwenda hospitali, amemwahidi yule mke wa askari atamtembelea tena, na akina mama wengine wodini wamemwuliza mambo, na amewajibu kwa Kiswahili chake na hakuna aliyecheka. Atachukua. "Lakini wewe usikae kwa studio. Na usinisahihishe. Hata tukiwa wawili."

Nikasema sawa.

Aliniletea chai kwa sababu mimi ni mgeni nyumbani kwao. Kikombe kimoja. Chake hakumimina. Alisimama hadi nilipomaliza.

Jumatatu, 21 Julai

Gwarideni niliomba dakika mbili. Nikasema nilichomfanyia Mwalimu Sahra Siku ya Kiswahili hakikuwa somo. Nilifanya kwa wivu. Nilitumia lugha ninayoipenda kumwaibisha mtu aliyenifaa. Nikasema anayemwita jina la kejeli amelitoa kwangu, na mimi nimelifuta.

Wanafunzi hawajazoea mwalimu kusema hivi, na mimi sijazoea pia.

Sahra alikuwa mstari wa walimu, wa mwisho upande wa maabara. Sikumtazama. Mutiso alikohoa. Tukaenda darasani.

Jumanne, 22 Julai

Kipindi cha Sahra. Nilisikilizia chumba cha walimu, redio ya mlinzi dirishani.

Alikosea kwingi. Akina mama walipiga simu hadi muda ukaisha na Dubow akaongeza robo saa. Yule mke wa askari alipiga pia, akataja jina la mtoto. Sahra akalirudia, kisha akaendelea na dalili za hatari, moja moja, kila moja mara mbili, polepole, kwa maneno ambayo hata mtoto angeyashika.

Mimi nisingeweza kufanya vile. Nimeliandika.

Wivu bado upo. Nilidhani ukisema mbele ya watu unaondoka. Upo.

Alhamisi, 31 Julai

Kesho tunafunga shule. Upepo wa vumbi tangu asubuhi, madirisha yamefungwa, chumba cha walimu kimejaa joto na ripoti za wanafunzi. Nilikuwa nimebakiza za Kidato cha Tatu.

Sahra alikuja mezani kwangu na karatasi. Mara ya kwanza tangu ile siku. Hakukaa.

"Ile kitu inatoka baada ya mtoto, mnaita nini?"

"Kondo la nyuma. Wengine husema zalio."

"Mama wa hapa, yule wa mtoni, yule wa Kitui, anasema gani?"



"Sijui," nikasema.

"Sawa. Nitawauliza."

Akaandika yote mawili, akasimamisha kalamu, akaacha nafasi chini yake, akarudi dirishani. Nilimaliza ripoti saa nane. Nikazifunga kwa kamba, nikazipeleka ofisini.